Nyumba ya Elfu Thelathini na Sita

Jumatatu, 4 Machi 1974

Leo nimelipa mara ya thelathini na sita. Miaka mitatu kamili, shilingi 324 kila mwezi, sijakosa hata mmoja. Nilipotoka kwenye ofisi ya kampuni ya mikopo nilipiga hesabu barabarani, kichwani, bila kalamu. Nimeshalipa 11,664. Mkopo wa nyumba ulikuwa 36,000. Limebaki deni la 24,336. Mtoto wa darasa la tano anaweza.

Hapo ndipo wazo likaja. Walter Ombui, karani mwenzangu katika chama cha ushirika cha kahawa, ameuza ploti yake ya Keumbu na anatafuta nyumba ya mawe hapa Kisii mjini. Walter! Mtu aliyekula mahindi ya kuchemsha kila mchana miaka sita ili aweke akiba, huku akinicheka kwamba nalipia kuta. Nikimuuzia kwa 30,000, nalipa deni, nabaki na 5,664 mkononi. Tutapanga kwingine kwa muda. Nitanunua mashine ya kusaga mahindi. Mwaka ujao nitajenga ghorofa, na Walter atanipita barabarani akiwa ameinama.

Eucabeth, mke wangu, aliuliza kama nimemwuliza Bwana Opondo, meneja wa kampuni, deni lililobaki ni kiasi gani. Nilimwuliza kama anadhani sijui kutoa. Alirudi kwenye cherehani yake.

Jambo jingine zuri. Deni likiisha, hati ya shamba letu la Manga itarudi. Baba alipofariki iliandikwa jina langu, nami niliiweka kwa kampuni iwe dhamana. Mama ndiye anayeishi huko na kulima pareto. Nilimwambia hati iko benki, mahali salama. Hajawahi kuuliza ni benki gani.

Jumatano, 6 Machi

Walter amekubali! Alikuja akagonga kila ukuta kwa sarafu, kama daktari anayempima mgonjwa kifua. Akasema choo kinanuka. Nikasema ni majirani. Akashikilia 30,000, nami nikajifanya naumia.

Tumetia sahihi mbele ya wakili. Amenipa 3,000 taslimu. Zilizobaki atalipa akihamia, Jumapili tarehe 31. Nisipomkabidhi nyumba siku hiyo ikiwa haina deni, nirudishe 3,000 zake zote, ama tukutane kortini. Wakili alinisomea sehemu hiyo polepole. Nilimwambia aharakishe.

Mchana nilikwenda Marani nikanunua mashine ya kusaga ya Mzee Nyasani kwa 2,800. Ina mngurumo mzuri. Zilizobaki, 200, nimenunua suti.

Jumatatu, 11 Machi

Nimetoka kwa Opondo.

Nilimwambia nataka kumaliza deni lote, shilingi 24,336. Alinitazama kwa upole ambao sikuupenda. Akasema deni ni 33,778.

Nilicheka. Yeye hakucheka. Nilimwambia amenichanganya na mteja mwingine. Akaeleza, na alieleza vizuri sana, Mungu amsamehe. Riba ni asilimia tisa kwa mwaka. Mwezi wa kwanza nilipoleta 324, shilingi 270 zilikuwa riba tupu. Zilizogusa deni ni 54. Mwezi wa pili hivyo hivyo, riba imepungua senti kidogo. Katika 11,664 zangu za miaka mitatu, 9,442 zimekwenda kwenye riba. Nimepunguza deni kwa 2,222. Kwa miaka mitatu!

Nikauliza mwisho wake nitakuwa nimelipa ngapi. Akasema miaka ishirini ikiisha, 77,760. Akasema nimenunua nyumba mbili na zaidi, ila ya pili haionekani. Alisema alinieleza yote siku ile ya kwanza. Ni kweli alisema kitu. Nilikuwa nikitazama picha ya nyumba.

Basi nimeuza kwa 30,000 kitu ninachodaiwa 33,778. Nimekula 3,000 za Walter. Na zimebaki wiki tatu kasoro siku moja.

Niliuliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza tu, nikipelekwa kortini mshahara ukikatwa nikashindwa kulipa itakuwaje. Akasema miezi mitatu nikikosa, nyumba inapigwa mnada. Isipotosha, linafuata shamba la Manga.

Jumanne, 12 Machi

Nilimwambia Walter bei imepanda. Nilitaja hewa safi, nikataja mlima unaoonekana dirishani. Akatafuna mahindi yake hadi akamaliza gunzi. Kisha akasema mbele ya makarani wote: "Ratemo, ule mlima ulikuwepo tarehe sita." Wakacheka mpaka msimamizi akatoka nje.

Nikamwomba basi tuvunje mkataba kirafiki, nimrudishie pesa kidogo kidogo. Akasema ameshampa mwenye nyumba wake notisi, na mke wake ameshafunga masufuria. Tarehe 31 atafika na kitanda chake. Asipokuta nyumba atataka 3,000. Asipokuta 3,000 atakwenda kwa wakili akiwa bado amevaa nguo za safari.

Eucabeth alisikia yote sokoni kabla sijafika nyumbani. Alisema neno moja tu: "Kutoa." Akaendelea kushona.

Alhamisi, 14 Machi

Nimepata njia! Sijui kwa nini sikuiona mapema.

Nani katika Gusii nzima amewahi kulipa mahari yote? Hakuna. Unaleta ng'ombe kadhaa kwa uaminifu, kisha wazee wanakaa, wanakunywa chai, msemaji mzuri anasimama, na wakwe wanasamehe wawili watatu waliobaki, kwa sababu sasa ni watu wa nyumba moja. Mimi nimeleta mara thelathini na sita bila kukosa. Kosa langu ni kwenda peke yangu, kama mtu asiye na ukoo!

Nimemwendea baba mdogo Manasseh, ndugu wa marehemu baba. Hakuna anayemshinda kwa kuomba ng'ombe wa mahari wasamehewe. Nimemwambia nadaiwa kidogo na watu wa nyumba, waniondolee 3,778, libaki 30,000 kama bei ya Walter. Atakuja na wazee wawili. Sikumtajia hati. Haina uhusiano.

Jumatatu, 18 Machi

Naandika nikiwa nimefunga mlango.

Opondo alitupokea kwa heshima, akaagiza chai. Baba mdogo akasimama na fimbo yake. Alisema vizuri mno! Kijana wetu si mwizi. Amekuja katika mvua na katika jua. Mkwe mwenye moyo hahesabu mpaka mkia wa mwisho. Wazee wakaitikia. Nikaona Opondo ameinamisha kichwa, nikajua tumeshinda.

Akajibu kwamba hata kwao, kando ya ziwa, wanalipa ng'ombe, na yeye mwenyewe bado anadaiwa wanne. Wazee wakacheka. Kisha akasema hii si mahari. Hii ni kama wanavyofanya Abagusii wenyewe, mtu akimpa mwenzake ng'ombe wa kumtunzia. Ng'ombe akizaa, ndama ni wa nani?

Wazee wote watatu kwa pamoja: wa mwenye ng'ombe.

Basi, Opondo akasema, pesa hizi huzaa kila mwezi. Ratemo akija ananiletea ndama aliyezaliwa na ng'ombe wangu, na ng'ombe mwenyewe anamsogeza kwangu hatua moja. Ndama nimewapokea thelathini na sita. Ng'ombe bado yuko kwake.

Baba mdogo akageuka polepole. Akaniuliza kama miaka mitatu nimekuwa nikirudisha ndama tu. Nikasema inaonekana. Akaniuliza kama niliambiwa mapema. Nikasema nilitia sahihi. Mzee mmoja akamwambia Opondo kwamba yeye ni mtu wa haki, kama ana binti anayetaka kuolewa aseme. Wamekuja kwa nauli yangu, wamenywa chai, na wamehamia upande wa pili!

Haikuishia hapo. Baba mdogo, kwa kuwa anajua mambo ya mifugo, akauliza mwenye ng'ombe alishika nini, asije mtunzaji akatoroka. Opondo akajibu bila ubaya wowote: shamba la Manga.

Baba mdogo aliweka kikombe chini kikiwa na chai nusu. Sijawahi kumwona akiacha chai. Tulipoachana njiani alisema anapanda Manga kwa Mama.

Ijumaa, 22 Machi

Siku nne bila habari. Nilikwenda Marani kumwomba Nyasani aipokee tena mashine, anirudishie pesa. Akasema ni mashine, si mke, hairudishwi kwa wazazi.

Jioni Mama amefika. Kwa miguu kutoka stendi, na kikapu kichwani. Alisimama mlangoni, akavuta pumzi, akafungua mdomo. Kisha akatazama dirishani. Jua lilikuwa limeingia nyuma ya vilima.

Akafunga mdomo. Sabato imeanza, na Mama hazungumzii pesa wala mashamba siku ya Sabato. Amekaa kwenye kiti kilichoelekea changu. Ananitazama.

Jumamosi, 23 Machi

Siku ndefu kuliko zote maishani mwangu.

Asubuhi kanisani, Mama kulia kwangu, Eucabeth kushoto, mimi katikati nikiwa na suti. Mama aliigusa suti kwa vidole viwili, akaifahamu bei yake, akaachilia. Aliimba kila ubeti. Mchana tulikula viporo vya jana. Alisema maneno matatu: "Chumvi, mama Kemunto." Hayo aliambiwa Eucabeth, kwa jina la binti yetu. Mimi sikuambiwa kitu.

Nilihesabu dakika za jua kuzama, nikitamani lizame na nikiogopa lizame. Lilipozama, Mama aliomba, akasema amina, akasema amechoka, tutaongea asubuhi.

Jumapili, 24 Machi

Hakupaza sauti. Ningefurahi kama angepaza.

Aliuliza jambo moja. Nikifa kesho, yeye atamwendea nani kuomba aachiwe mahali alipomzika mume wake? Nilianza kusema kuhusu asilimia tisa. Akasema hakuuliza hilo. Nilitazama miguu yangu. Viatu vipya pia nilikuwa nimenunua, lakini sikuwa nimeviandika.

Kisha akamtuma Eucabeth amwite Walter. Walter alikuja na uso wa korti. Mama akamwita mwanangu, akamkaribisha uji, akamwuliza anataka ugomvi au anataka pa kulala. Walter akasema ana mke na watoto wawili, na tarehe 31 hana paa. Mama akasema atalala hapa. Vyumba viwili vya mbele, shilingi 200 kwa mwezi, hadi ajenge kwake. Sisi tuhamie chumba cha nyuma.

Nilisema hiyo ni nyumba yangu. Wote watatu walinitazama.

Jumanne, 26 Machi

Jana Mama alinipeleka Marani. Nyasani ni wa kanisa lao. Alimwuliza kama ile mashine ilisaga hata debe moja mwaka jana. Nyasani akakohoa, akaichukua mashine yake, akatoa 2,000. Nilizilipa kwa Walter. Elfu moja iliyobaki atakaa nayo kama kodi ya miezi mitano. Mkataba umechanwa mbele ya wakili, naye wakili akalipisha 20 kwa kuuchana.

Leo Mama ameuza mtamba wake, yule mwekundu, kwa 500. Alibakiza 22 za nauli na sukari. 478 alizipeleka mwenyewe kwa Opondo, akasimama hapo akamwambia hizi si za ndama, ni za ng'ombe mwenyewe, amsogeze mbele ya macho yake. Opondo akaandika. Deni ni 33,300 kamili. Akanieleza kwamba mtamba mmoja wa Mama amepunguza deni zaidi kuliko malipo yangu ya miezi sita. Hapakuwa na haja ya kusema hivyo.

Mama ameagiza kwamba kodi ya Walter ikianza kuingia, yote iende kupunguza deni, hati irudi upesi. Eucabeth ndiye atakayeshika pesa. Nilikubali. Nilikubali kwa moyo wote. Mama alipopanda gari la Manga nililia kidogo, nikasema ni vumbi.

Ijumaa, 5 Aprili

Walter yuko sebuleni kwangu anatafuna. Sisi wanne, na watoto wetu wawili, tuko chumba cha nyuma na cherehani. Lakini leo nimefurahi, na sababu naiandika hapa tu.

Sasa naelewa mikopo. Tatizo langu lilikuwa malipo ya kila mwezi, ni makubwa mno. Mchana nilikwenda kwa Opondo peke yangu, nikamwuliza kama mkopo unaweza kuanzwa upya. Akasema unaweza, 36,000 tena, miaka ishirini na mitano, kwa 302 kila mwezi. Deni la zamani linafutwa lote! Wananipa mkononi 2,700 zilizozidi. Na kila mwezi naokoa shilingi 22. Mara miezi 300, hizo ni 6,600. Jumlisha 2,700. Faida 9,300, bila kuinua jembe.

Opondo aliuliza mara mbili kama nimeelewa. Alitaka kunionyesha jumla, akataja 90,600. Nilimkatiza kwa adabu. Hiyo ni namba ya huko mbele, na mimi ni mtu wa leo. Nilitia sahihi mahali pote aliponionyesha. Hati ya Manga itabaki pale pale, salama.

Mama hajui, wala Eucabeth. Nataka iwe zawadi. Mama ana miaka sitini na mmoja sasa. Aprili 1999 nitamkabidhi hati yake mkononi, mbele ya ukoo mzima. Nimeshaanza kuandika hotuba.