Sufuria la Hoteli Nyota

Jumatatu, 6 Agosti 1979
Siku njema! Tuzo ya Mahakama ya Kazi, yaani hukumu yake, ninayo mkononi, na mhuri. Inasema mimi Clemensi, mpishi, nilifukuzwa bila haki, nirudishwe jikoni Hoteli Nyota.
Nikafika hotelini. Kibao kimepakwa rangi: Hoteli Umoja! Mzee Sylvesta, mwenye hoteli, ameuza, kahamia Mbulu. Meneja mpya, Bwana Tobiko, akasoma tuzo, akanirudishia. Eti aliyenifukuza ni Sylvesta, basi Sylvesta ndiye anirudishe. Kwenye jiko lipi?
Dada Bernadina, katibu wetu wa chama cha wafanyakazi, kasema anayechukua hoteli huichukua na wafanyakazi wake. Ijumaa Ofisa Kazi anakuja Karatu. Hadi hapo nisifanye lolote. Nimemwahidi.

Jumanne, 7 Agosti
Nimefanya. Nilivaa aproni yangu, nikaingia jikoni alfajiri, nikamenya viazi kana kwamba sikuwahi kuondoka. Mpango safi! Martini, anayeshika nafasi yangu, adui yangu, akanitazama, kisha akanipa kisu chenye makali zaidi.
Saa tatu Bwana Tobiko akaingia, akavisifu viazi, hakunitambua ndani ya aproni, akaniuliza jina. Nikamtajia. Pumbavu mimi! Nje.
Martini akanikimbilia getini na bakuli la uji. Adui gani huyu? Nikaunywa wote.

Alhamisi, 9 Agosti
Meneja anadai Umoja ni biashara mpya kabisa, haina undugu na Nyota. Nikakumbuka sufuria kubwa la makande! Chini yake niliandika NYOTA kwa msumari. Ushahidi!
Mchana nikapita mlango wa kuingizia kuni, nikalibeba kichwani, mdomo chini. Likashuka hadi mabegani. Sikuona njia. Nikamgonga mgambo.
Naandika haya nikiwa ofisi ya kata, chini ya ulinzi. Bernadina kaja. Hakunigombeza. Kaniletea viazi vitamu na blanketi lake mwenyewe. Mungu amzidishie. Baridi ya Agosti haina adabu.

Ijumaa, 10 Agosti
Nikafikishwa mbele ya Ofisa Kazi, mimi na sufuria. Bwana Tobiko akaruka: "Hilo sufuria ni letu!"
Bernadina akasema kwa upole, "Ligeuze basi, Bwana Meneja, utusomee."
Akaligeuza. Akasoma. "Nyota." Ofisa akauliza limefikaje Umoja. Meneja akakiri kwamba walichukua jiko zima kama lilivyokuwa.
Martini akasimama bila kuitwa. Akasema yeye aliajiriwa na Sylvesta na hakuna aliyemwajiri upya. Siku ya mauzo kilibadilishwa kibao tu, uji ukaendelea kuchemka.
Ofisa akaamua: tuzo inamfunga mwenye hoteli wa sasa, Clemensi aanze kesho. Bwana Tobiko, muungwana kumbe, akafuta kesi ya sufuria, akanipa mkono.
Nikamuuliza Martini hakuogopa kupoteza jiko? Akajibu, "Kaka, walaji themanini. Nimechoka peke yangu." Nililia hadharani.

Jumapili, 12 Agosti
Nimetoka misa. Nimemshukuru Mungu kwa ajili ya Bernadina, Martini, Ofisa, hata Bwana Tobiko. Nimeapa mbele ya altare: hila basi! Mimi ni mpishi, nitapika.
Kesho Bwana Tobiko anakwenda kwao Endulen, likizo ya wiki mbili. Ofisi itabaki wazi, na watalii wanaokwenda kreta hawamjui meneja kwa sura.
Martini ameniazima tai yake. Ameipiga na pasi. Watu wema sana hawa.