Washeni Taa, Joho Lionekane

Ndugu Mwongozaji wa Filamu,

Natumaini hujambo na macho yako bado yanaona, ingawa filamu yako imenitia wasiwasi juu ya hilo. Mimi ndiye fundi cherehani uliyempa kazi ya kumshonea joho yule shujaa wenu mwenye huzuni. Nina malalamiko, nayo nayapanga kwa heshima.

1. Kile kitabu cha katuni mlichonipa nikifuate ni wino mtupu. Mchoraji amemwaga weusi ukurasa hadi ukurasa, bega halijulikani wala kisigino. Nikashona kwa imani.

2. Filamu imekuwa nyeusi kuliko kitabu. Niliwapeleka sinema mke wangu, shemeji zangu na mama mkwe, ambaye tangu nimwoe binti yake husema kushona si kazi ya mwanamume wa maana. Nilitaka ajionee. Shujaa akaruka paa hadi paa, mama akakodoa macho, kisha akaniuliza mbele ya wote, "Mkwe wangu, hilo joho lenyewe liko wapi?" Nikamwonyesha giza. Niliumia, ndugu.

3. Mtu aliyevaa kitambaa laini namna ile hana sababu ya kununa. Wateja watadhani joho linambana makwapani.

4. Kwa nini wahalifu wenu hawaibi mchana? Wa kwetu huiba saa za kazi, tena wamefunga tai, na hawajawahi kulalamikia mwanga.

Kwa hiyo naomba ile tamthilia ya televisheni mnayoitengeneza kwa joho lilelile muipige juani. Shujaa ageuze mgongo mara kwa mara, na adui amsubiri kidogo watu waone pindo. Kizuri chajiuza, ila gizani hakipati mnunuzi.

Wasalimie wapiga picha, mchoraji, na hata adui mkuu, ambaye suti yake ilionekana vizuri sana.

Ni mimi ninayengoja mwanga,
Fundi wa Joho

Nyongeza: Kabla sijaituma barua hii, tamthilia imeanza kuonyeshwa. Kumbe mmeipiga juani bila kuombwa. Nilimwita mama mkwe sebuleni kwetu, nikamkalisha mbele kabisa. Shujaa akageuka. Upande mmoja wa joho umefika visiginoni, wa pili umeishia magotini, na mstari wangu wa chaki bado uko mgongoni. Mama alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena, akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu harusi yetu. Ndugu Mwongozaji, giza lile lilikuwa sanaa. Tafadhali zimeni taa.