Maoni ya Fundi Bomba

Jumatatu, 4 Machi
Mhariri ameweka sanduku la kadi mlangoni mwa mgahawa wa kona. Kila mlaji ataandika maoni yake na kazi anayofanya, na kadi nzuri zitachapishwa kando ya safu yangu ya vyakula. Miaka kumi na moja nimeonja kwa niaba ya mji mzima. Sasa mji unataka kujionjea.

Ni jaribio la wiki moja. Maoni yakiwa ya kipuuzi, sanduku litaondolewa. Hapo nikatabasamu. Upuuzi nauweza.

Jumanne, 5 Machi
Nimejaza kadi sita jikoni kwangu. Kalamu sita. Mbili kwa mkono wa kushoto. Kwenye kadi ya sita nilikwama mahali pa kuandika kazi ya mlaji. Shemeji, kaka wa mke wangu, alikuwa amelala chali chini ya sinki akifungua bomba. Nikaandika: "Fundi bomba. Supu imepita vizuri, haikuziba mahali." Hakuna mhariri mwenye akili timamu atakayechapisha hilo.

Shemeji akauliza mbona nacheka peke yangu. Nikamwambia akaze nati yake.

Alhamisi, 7 Machi
Amelichapisha. Juu kabisa, kwa herufi nene. Aya yangu kuhusu "supu yenye staha" imesukumwa chini, jirani na tangazo la magodoro.

Mhariri alikuwa anafuta machozi ya kicheko. Anasema hivi ndivyo watu wanavyoongea, na simu za wasomaji hazijakatika tangu asubuhi. Anamtaka fundi bomba huyo Jumamosi, ale mbele yake. Akifaa, safu ni yake.

Safu yangu!

Mpango mpya: nitampeleka shemeji, naye ataharibu kila kitu, safu ibaki yangu. Mtu huyu huinamia sahani kana kwamba anatafuta panapovuja.

Jumamosi, 9 Machi
Nilimfunza njiani: sifia kila kitu, cheua, nyamaza. Akakubali bila kinyongo.

Akatafuna nyama. Akatafuna tena. Akamwita mpishi. "Bwana mkubwa, hii umeikata kwa kufuata nyuzi, sivyo?" Mpishi akakiri. Shemeji akaingia jikoni, akamwonyesha jinsi ya kukata kwa kukingama, na kwa kuwa alikuwa huko, akaziba bomba lililokuwa likivuja. Sahani ya pili ilitafunika hata kwa mhariri, mwenye meno ya bandia.

Mhariri akanikumbusha kwamba nyama hiyo nimeisifu gazetini mara tisa. Sikujua anazihesabu. Nikacheua mimi.

Jumatatu, 11 Machi
Safu ni ya shemeji. Kazi yangu ni kufungua sanduku na kupanga kadi. Mke wangu ameipokea habari hii vizuri kupita kiasi. Amebandika picha ya kaka yake juu ya sinki. Shemeji mwenyewe amepiga simu kuniuliza nukta huwekwa wapi. Nikamwambia popote anapochoka.

Lakini mwenye ufunguo wa sanduku ni nani? Jioni nimekaa mezani na kumwandikia shemeji kadi kali ya kuiponda safu yake. Safari hii nimechagua kazi ya mbali kabisa: fundi saa. Mke wangu akachungulia begani mwangu, akasema mjomba wake ni fundi saa, tena anapenda sana kula.

Nimekata "saa", nikaandika "viatu". Sidhani kwao kuna fundi viatu. Kesho nitamuuliza, nikishaitumbukiza kadi.