Uzinduzi wa Kituo cha Misimbo ya Majeraha ya Baiskeli, Yeoville

Hotuba ya Mwenyekiti Othmani Jumbe wa Umoja wa Waswahili wa Johannesburg, ndani ya saluni ya Mama Marcelline, Jumamosi tarehe 14 Septemba 2013.

Mzee wetu Mwadini, mshauri mkuu na msuluhishi wa migogoro yote kuanzia Mayfair mpaka hapa, Mama Marcelline, mwenyeji wetu na mwenye viti tulivyokalia, waheshimiwa makatibu, makatibu wasaidizi na makaimu wa makatibu wasaidizi, wawakilishi wa Burundi, Kongo, Kenya, Tanzania Bara na Visiwani, waendesha baiskeli mliofika kwa baiskeli, na waendesha baiskeli mliofika kwa miguu kwa sababu tunazozifahamu, mabibi na mabwana (makofi, mtu anauliza kama soda zipo), nasimama mbele yenu nikiwa na unyenyekevu mkubwa kuliko wa kiongozi yeyote niliyewahi kukutana naye.

Ndugu zangu, kila majeruhi anayepokelewa hospitali katika mji huu huandikiwa msimbo, yaani herufi na namba za kueleza kilichompata. Mwendesha baiskeli aliyegongana na baiskeli mwenzake ana namba yake. Farasi wa mbio wa Turffontein akitoroka uwanjani leo akamkumba mtu wetu, dunia imeshamwandalia V10 kabla farasi mwenyewe hajawaza kutoroka (kicheko). Aliyegongwa na gari dogo ni V13. Aliyeanguka peke yake, bila kuguswa na chochote, ni V18. Kati ya kumi na tatu na kumi na nane ndipo lilipo pengo la kimfumo ambalo serikali yangu, samahani, kamati yangu, imeazimia kuliziba kwa mkakati shirikishi, endelevu na wa kidijitali.

Pengo hilo tuliligundua mwezi Juni, pale kwenye robot ya juu, taa za barabarani, ambapo gari la Mwenyekiti, likiwa katika majukumu ya umoja, lilikutana na baiskeli ya ndugu Fiacre, msambaza mikate wetu. (Fiacre, mkono wa kulia umefungwa kwa kitambaa shingoni: "Lilinigonga, Mwenyekiti. Robot yangu ilikuwa kijani.") Nashukuru kwa mchango wa ndugu mjumbe, umepokelewa na utafanyiwa kazi.

Baada ya makutano hayo nilimpeleka hospitali mwenyewe, kwa gari lile lile, jambo ambalo madereva wengi hawalifanyi. Njiani tulipitia kwa Mzee Mwadini, maana sisi watu wa kwetu hatumfikishi ndugu kwa daktari tukiwa na kinyongo. Tukanywa chai. Nikaomba radhi. Fiacre akaipokea kwa mkono wa kushoto, kwa kuwa wa kulia ulikuwa umeshagoma. Mzee akasoma dua, Fiacre akaongeza sala ya kwao, ugomvi ukafutwa. Tulipofika dirishani, karani akaniuliza, "Amegongwa na nani?" Sasa mimi kiongozi ningejibu nini? Kosa limeshafutwa, gari limeshasamehewa, kulitaja tena ni kufukua lililozikwa. Nikasema, "Hakuna aliyemgonga. Ameanguka." Akaandikwa V18. (Mtu anakohoa.)

Tangu hapo zimejitokeza changamoto ndogondogo. Mfupa wa bega umeunga kombo. Daktari anasema usipopasuliwa mapema mkono hautapanda tena. Nao mfuko unaogharimia waliogongwa na magari unasema aliyeanguka mwenyewe si wa kwao. (Annick, mke wa Fiacre, anasimama: "Papa Mwenyekiti, tunaomba kitu kimoja tu. Twende wote kwa yule karani, umwambie ulimgonga. Hakuna atakayekula nyama yako.")

Mama Annick, kaa, mama. Kiongozi wa mawazo madogo angekwenda dirishani. Lakini kwenda dirishani kungemsaidia Fiacre mmoja, na mimi ninawaza Fiacre elfu. Ndiyo maana nilianzisha mchakato wa Kituo hiki. Tulifanya upembuzi yakinifu. Asilimia mia na nne ya waendesha baiskeli waliunga mkono, zile nne za ziada zikiwa za waliounga mkono mara mbili. Nilijitolea kwenda Durban siku nne kwa semina elekezi, nikathibitisha kwamba baiskeli za kule nazo zina magurudumu mawili (makofi hafifu). Na ninaahidi: ifikapo 2015, kila mwendesha baiskeli wetu atakabidhiwa msimbo wake mapema, kabla ya ajali, ili akigongwa asipoteze muda wa kufikiri. (Makofi. Mzee mmoja anauliza kama anaweza kuchagua farasi.)

Nyuma yangu, chini ya shuka hili, imesimama Mashine ya Misimbo. (Mama Marcelline: "Papa Othmani, fanya mbio. Wateja wangu wako inje na dawa kwa kichwa, itawaunguza.") Hoja ya mwenyeji ni ya msingi. Basi ndugu Fiacre, kwa heshima uliyopewa, pokea mkasi, ukate utepe.

(Fiacre anautoa mkono wa kulia kwenye kitambaa, anauinua. Unafika kifuani, unakomea hapo. Mwenyekiti anamsaidia kuusukuma juu. Fiacre anatoa sauti ambayo hakuna anayeicheka. Mkasi unaanguka, unavuta shuka, na shuka linafichua draya ya nywele.)

(Mzee Mwadini: "Othmani, chai ile niliisimamia mimi. Tulifuta kinyongo, hatukufuta gari. Husamehewa aliyekosa. Ukisema hukumgonga, basi mimi sikukusamehesha kitu, na mko pale pale mlipokuwa: wewe ndani ya gari, yeye chini kwenye lami.")

Ndugu wajumbe, uongozi sikivu ni ule unaosikia. Kabla sijahitimisha, tuitikiane kama ilivyo ada. Baiskeli. (Oyee.) Kumi na tatu. (Juu.) Kumi na nane. (Chini.) Chini zaidi. (Chini kabisa, Mwenyekiti, na wewe shuka.)

Nabaki na shukrani. Namshukuru Mama Marcelline kwa shuka, kwa utepe, ambao ni nywele za kusukia na atazihitaji mchana huu, na kwa Mashine, ambayo wateja wake wanaisubiri waikalie. Nawashukuru wafadhili, ambao hatujawahi kuwaandikia. Nawashukuru wataalamu wa Kituo kwa bidii yao, na ningewataja majina kama wangekuwepo. Kituo chenyewe, kwa maana ya chumba, watumishi na misimbo, hakijapata kuwepo zaidi ya hapa nilipokuwa nikikizungumza, na nadhani nimekizungumza vizuri.

Mama Annick, usinivute koti, mshono wake si imara, natembea mwenyewe mpaka kwenye gari. Ndugu Fiacre, utakaa kiti cha mbele. Dirishani nitasema, "Bwana karani, gari langu lilikutana..." (Umati: "Aa.") "Lilimgusa..." (Umati: "Aa-aa.") Naomba basi nifanye mazoezi hapa, mbele ya watu wangu. Lilim... (Umati, polepole, kama wanaomfundisha mtoto kusoma: "Li-li-m-go-nga.") Lilimgonga. (Fiacre: "Na nani alikuwa anaendesha, Mwenyekiti?")

Nilimgonga mimi. Asanteni kwa kunisikiliza.