Siku Fundi Majokofu Alipoikomboa x

Njooni, enyi wa barazani nanyi wa jikoni, zimeni redio, mpate habari za vita vilivyopiganwa sebuleni, juu ya meza yenye mguu mmoja mfupi, na fundi majokofu, Mfufua Mitambo, Simba wa Gesi, aliyejitapa mbele ya mama mkwe wake kwamba hesabu kwake ni maji ya kunywa.

Binti yake, asiyejua huruma, akamsogezea kitabu cha shule. Humo, 5 − 2x < 11 ilikuwa imejipanga kijeshi, na x, maskini, imetekwa nyara katikati.

Mama mkwe akavaa miwani. Tangu siku ya harusi alikuwa akiisubiri saa hii.

"Ewe tano!" akanguruma shujaa, kalamu juu. "Uliingia kwa kujumlishwa, utatoka kwa kutolewa, huku na huku, pasipo upendeleo!" Ikabaki −2x < 6. "Nawe hasi mbili, uliingia kwa kuzidishwa, utatoka kwa kugawanywa!" Akakata pigo moja, akaandika x < −3, akajiegemeza kitini kama sultani aliyetwaa miji saba.

"Baba," akasema binti, "hebu weka hasi nne."

Akaweka. Tano kutoa hasi nane, kumi na tatu. Na kumi na tatu, hata kwa kubembelezwa, ikakataa katakata kuwa ndogo kuliko kumi na moja.

"Mwanangu aliwahi kuchumbiwa na mhasibu," mama mkwe akauambia ukuta.

Simba wa Gesi akakunja mikono ya shati. Akainama, akakwaruza pembeni mwa karatasi: mbili ni ndogo kuliko sita, lakini hasi mbili, loo, ni kubwa kuliko hasi sita!

"Wallahi, nimemkamata msaliti!" akaruka, meza ikayumba. "Ukigawanya kwa hasi, alama hugeuka! Geuka, ewe mdomo wazi, uitazame haki!"

Akaandika x > −3. Binti akaweka sifuri: tano, ndogo kuliko kumi na moja. Akaweka hasi mbili: tisa, ndogo vilevile.

"Imekubali, baba."

Mama mkwe akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Jibu halikubadilika.

"Chai yako inapoa, mkwe wangu," akasema kwa shida.

Basi na iandikwe, watoto wa watoto wasome: siku hiyo alama yenye ukubwa wa mguu wa sisimizi iligeuzwa uso, na mama mkwe akanywa funda zima la chai asimtaje mhasibu.