Cheti cha Bibi Candiru

Jumatatu, 7 Julai. Arua.

Leo nimefungua ofisi. Meza moja, mwavuli mmoja, kiti cha kuazima, na bango: AFEDRA, MTAALAMU WA MAJINA. CHETI PAPO HAPO. Muhuri nimechongesha wa duara, wino mwekundu. Mtu akiuona tu ananyoosha mgongo.

Majina ya nje ni kazi ndogo, yote yamo kwenye simu. Andrew: mwanaume hasa, Kigiriki. Shamim: harufu nzuri. Viktoria: ushindi, Kilatini. Viktoria pia ni mwalimu wa chekechea pale Mvara, na nitamwoa, Mungu akipenda na bibi yake akikubali. Hasa bibi yake.

Tabu ni majina yetu sisi Walugbara. Mama zetu waligombana na mashemeji, na mtoto alipozaliwa wakambandika ugomvi wote. Mmoja anaitwa Chuki, mwingine Umaskini, na wanaitika vizuri tu. Lakini nani atatundika Umaskini sebuleni? Nimeamua kuyarekebisha. Asubuhi alikuja mama mmoja, Draru, yaani Kifo. Nimemwandikia "Pumziko la Amani". Ameondoka anatabasamu!

Siraji wa fotokopi, jirani yangu, anasema ninawapaka watu rangi. Siraji ni Kiarabu, maana yake taa. Nimemwambia mafuta yamemwishia.

Jumatano, 9 Julai.

Viktoria amepita ofisini. Jumamosi twende Koboko, bibi anataka kuniona. Bibi ndiye aliyemlea, neno lake ndilo la mwisho. Nivae shati safi, nile nitakachopewa, nisiseme sana. Nimeuliza bibi anaitwa nani. Candiru, amesema. Mateso! Masikini bibi wa watu, miaka yote hiyo.

Viktoria ameniangalia kwa jicho moja, akasema jina la bibi nisiliguse kabisa, lina kesi ndani yake.

Mimi wanawake nawajua. Akikwambia usilete zawadi, ujue anaisubiri.

(Siraji amemsalimia Viktoria muda mrefu mno. Taa gani hiyo inayowakia nyumba za watu?)

Jumamosi, 12 Julai. Koboko.

Nitaandika kama ilivyokuwa.

Mwanzo ulikuwa mzuri. Bibi ni mfupi, kakaa wima, macho makali. Nimekula ugali wa muhogo mara mbili, mboga ya simsim mara tatu. Bibi amecheka. Ameuliza ukoo wa mama yangu, akautambua. Viktoria akanikonyeza. Ningenyamaza hapo, leo ningekuwa mchumba.

Nikasimama. Nikatoa cheti nilichomtengenezea bibi, kwenye fremu. Nikasoma kwa sauti ya kanisani: CANDIRU, BINTI ALIYEPOKEWA KWA SHANGWE, ASIYEJUA SHIDA, KIPENZI CHA BABA ZAKE WADOGO.

Bibi akauliza polepole nani kanieleza. Nikasema wataalamu.

Pembeni alikaa Mzee Abiriga, mtoto wa baba mdogo wa bibi. Akaruka juu na fimbo yake. "Iko na muhuri! Munaona? Hii karatasi iko na muhuri!" Akaichukua fremu, akaiingiza ndani ya koti, akatoka. Mzee wa miaka ile, mbio vile!

Viktoria amenieleza huku kucha zake zimo mkononi mwangu. Baba wa bibi alikufa kabla bibi hajazaliwa. Baba wa Abiriga akamnyang'anya mjane shamba la muhogo, akamfukuza shambani na tumbo lake. Mjane hakuwa na wa kumshtakia. Alipojifungua akamwita mtoto Mateso, ili yule shemeji akimtuma mtoto maji, aitamke dhambi yake kwa mdomo wake mwenyewe. Ukoo mzima unaitamka mpaka leo. Na Abiriga kila mwaka analeta mbuzi wa kuomba radhi.

Bibi akasema, "Wee kijana. Mama yangu hakuwa na kalamu. Hii jina ndiyo barua aliandika. Wewe umefuta."

Niliona aibu ya kweli. Nilitaka kulia mbele za watu.

Bibi si mkatili. Amenipa wiki moja. Niirudishe karatasi ile mkononi mwake, na niseme mbele ya watu wale wale kwamba ni uongo. Nikishindwa, Viktoria nimsahau.

Jumanne, 15 Julai.

Nimemfuata Mzee Abiriga kwake. Kanipokea kama mkwe, kanichinjia kuku. Fremu kaitundika kati ya picha ya harusi yake na kalenda ya parokia. Nimemsihi. Amekataa. Anasema kwa mara ya kwanza baba yake amelala vizuri kaburini, na mwaka huu mbuzi haendi popote.

Mwishowe amelegea. Ataniachia ile, nikimtengenezea kumi na mbili nyingine, moja kwa kila mtoto wake wa kiume.

Nimefikiri sana njia nzima. Bibi kasema nirudishe karatasi ILE. Kuhusu nyingine hakusema chochote. Afedra, kichwa unacho!

Siraji amechapa mchana kutwa. Mara tatu kaniuliza kama niko mzima.

Jumamosi, 19 Julai. Koboko.

Nimeikabidhi karatasi kwa mikono miwili. Nimesema mbele ya wote kwamba ni uongo, nimeubuni mimi mezani, na kwamba jina la bibi ni kweli tupu. Bibi akaniita mwanangu. Mwanangu! Viktoria akaniletea chai yenye tangawizi, akakaa karibu yangu kabisa.

Sikuimaliza chai. Wameingia watoto wa Mzee Abiriga, kumi na wawili, kila mmoja na fremu yake kifuani, wananitafuta wanishukuru.

Bibi hakupiga kelele. Amemwita mtu wa boda, akamwambia mutu huyu arudishwe Arua.

Jumatano, 23 Julai.

Viktoria ametuma ujumbe. Mke wa kaka yake, pale kwa bibi, kajifungua mtoto wa kike, na bibi mwenyewe katoa jina: Eyotaru. Yeye Viktoria amelikubali neno la bibi, nisimpigie simu tena. Basi, hivyo tu.

Nimemwonyesha mama. Nilidhani ni habari njema, nyumba ina furaha, watalegea. Mama amekaa chini. Anasema jina hilo limebeba maneno, yale maneno ya watu yanayoleta balaa, na maneno yenyewe ni yangu. Mtoto akiitwa kula, nasemwa mimi. Akiitwa kuoga, nasemwa mimi. Akiolewa, wakwe zake watauliza, na wataelezwa kuhusu Afedra wa Arua. Mama akalia. Nami nikalia, sitaficha. Nampenda Viktoria, na nimempoteza kwa fremu kumi na tatu.

Alhamisi, 24 Julai.

Nimeamka na akili mpya. Yule mtoto ana siku chache tu, jina halijakauka! Nimeandika: EYOTARU, NENO TAMU LA MGENI MWEMA. Fremu ya dhahabu, na ua kila pembe. Siraji amekataa kuchapa, kazima mashine na kufunga duka mchana kweupe. Wivu. Nimeandika kwa mkono.

Jumapili naenda Koboko. Bibi husali misa ya kwanza, na misa ile ni ndefu. Akirudi atakikuta cheti kimeshapigiliwa misumari ukutani, juu ya kitanda cha mtoto.