Shikamoo ya Kiingereza

Jumatatu, 3 Februari

Mzee Bura kaja na fimbo kwenye tuisheni yangu hapa Nambis. Anataka kuifunga! Wajukuu wake wamemwambia "gud moning" wakiwa wamesimama wima. Akauliza Kiingereza kina shikamoo au hakina. Nikaitazama fimbo. Nikakumbuka ndiye baba wa Gaudensia, na barua yangu ya posa iko kwake tangu Krismasi. Nikasema ipo! Ila ni neno adimu, walimu wengi hawalijui.

Jumanne, 4 Februari

Nimelipata kwenye kamusi ya simu. Borborigmasi. Unakazia "rig". Refu, zito, lina heshima. Maana sikuisoma, bando liliisha. Watoto arobaini wamempigia Mzee magoti, borborigmasi! Katabasamu. Posa imekubaliwa! Dume la ng'ombe la kuchinjwa harusini kanionyesha mwenyewe.

Alhamisi, 6 Februari

Nimekwisha. Kesho anakuja Dokta Philomena, mzaliwa wa Tlawi, ametibu watu Uingereza miaka thelathini. Mzee ameagiza asalimiwe kwa borborigmasi. Nimenunua bando, nimesoma maana: kunguruma kwa tumbo. Nikamwambia Mzee salamu hii haifai kwa madaktari. Akasema nisiwe na haya. Nikataka kukimbilia Endasak kwa shangazi. Bodaboda kakataa, matope. Naogopa fimbo. Naogopa zaidi Gaudensia akinicheka.

Ijumaa, 7 Februari

Nilijificha nyuma ya tangi la maji. Watoto wakapiga magoti. Borborigmasi! Dokta akawatazama mmoja mmoja, akauliza kama wamekula. Hawakuwa wamekula. Akafuta machozi, akasema hataonja hata chai ya mwenyeji wake mpaka watoto washibe. Mwenyeji ni Mzee Bura. Mgeni alale njaa kwake? Haiwezekani! Akamchinja dume. Dume la harusi! Sasa harusi inasubiri ndama akue. Ndama ana wiki mbili.

Jumamosi, 8 Februari

Mzee hana hasira. Anasema hajaona salamu inayomtoa mgeni machozi. Ila anasalimiwa na hana la kuitikia. Nisipoleta marahaba ya Kiingereza, hata huyo ndama nimsahau. Nikasema ipo! Altrakrepidariani. Unakazia "da". Safari hii nimekuwa makini, nimesoma maana kwanza: mtu anayejitia kujua asiyoyajua. Sijui walimtungia nani. Lakini ni refu. Nimeshampelekea.